Basi Huyu Atakufa

Trader Horn ni filamu mbaya yenye mwigizaji mmoja mzuri, na jina la mwigizaji huyo siyo lile lililouza tiketi. MGM waliipiga huku kwetu mwaka 1929, Kenya, Uganda na Kongo, mwelekezi akiwa W. S. Van Dyke. Ikatoka 1931, hata ikateuliwa kuwania Oscar ya filamu bora. Harry Carey ni Horn, mfanyabiashara mzungu. Edwina Booth ni binti mzungu anayeabudiwa na watu weusi (ndiyo, hadithi ni hiyo, usiniulize). Mutia Omoolu, mtu wa huku huku, ni Rencharo, mbeba bunduki.

Niliitazama kwa simu hapa Munje, kijana wa jirani akichungulia begani kwangu. Akauliza swali ambalo kila aliyelelewa na vibanda vya video analijua: "Kaka, steringi ni yupi?" Nikamwonyesha Carey. Akamkagua Rencharo kidogo. "Basi huyu atakufa."

Na kweli anakufa, akimhudumia bosi wake mpaka dakika ya mwisho. Lakini kabla ya hapo mtazame. Carey anaongea bila kupumua, Booth anapiga mayowe, Rencharo anasimama. Ametulia tuli, na jicho lako linamfuata yeye.

Kuna watakaosema huyo haigizi, ni Mwafrika tu mbele ya kamera. Hapo ndipo namkumbuka Lev Kuleshov, Mrusi wa enzi za filamu za kimya. Inasimuliwa kwamba alichukua uso wa mwigizaji Ivan Mozzhukhin, uso mkavu kabisa, akaubandika baada ya bakuli la supu, kisha jeneza, kisha mwanamke. Watazamaji wakaona njaa, huzuni na tamaa, na wakamsifu Mozzhukhin kwa kuigiza. Hakuna aliyesema ni Mrusi tu mbele ya kamera.

Van Dyke naye anaubandika uso wa Mutia kando ya Horn, nasi tunasoma uaminifu. Ubandike kando ya wale wapagazi wenye mizigo kichwani uone. Mimi nilisoma hesabu: mtu anayepima huyu mzee atamfikisha wapi. Sawa, hapo ni mimi ninayekata filamu, lakini uso unaokubali kusomwa hivyo si uso wa bahati tu.

MGM wenyewe walilijua hilo. Walimvusha bahari hadi Hollywood kumalizia vipande vilivyobaki, na studio haimsafirishi mtu nusu ya dunia ili aje asimame tu.

Ugonjwa wa Booth na kesi yake dhidi ya MGM vimeandikwa wee, mpaka basi. Mutia alipata kitu kingine. Mwaka 1932 Van Dyke alitoa Tarzan the Ape Man, akachomeka humo mabaki ya picha za Trader Horn. Ndani yake kuna jabali kubwa, la kubuni, ambalo ni mwiko kulikaribia. Wakaliita Mutia.