Hatari Isiyotisha: Kiswahili katika Muziki wa Filamu wa Henry Mancini

Henry Mancini (1924–1994), mtunzi wa Kimarekani, alivuma kwa muziki wa tamthilia ya televisheni Peter Gunn (1958) na baadaye akatunga muziki wa filamu ya katuni The Great Mouse Detective (1986). Kati ya kazi zake, Hatari! (1962) ndiyo inayomgusa zaidi mzungumzaji wa Kiswahili. Filamu hiyo ya Howard Hawks ilipigwa picha kaskazini mwa Tanganyika, ikiwemo Momella, chini ya Mlima Meru, mahali panapotazamana na Kilimanjaro. Ilipigwa kabla ya uhuru wa Desemba 1961, ikaonyeshwa baada yake.

Katika matumizi ya kila siku, hatari ni onyo. Muziki unaokumbukwa zaidi katika filamu hii, Baby Elephant Walk, hauonyi chochote. Unasindikiza ndama wa tembo wanaopelekwa kuoga na Dallas. Besi inakwenda kwa mdundo wa bugi-wugi, hatua nzito. Juu yake inapita sauti nyepesi ya kaliope, kinanda cha sarakasi. Uzito wa mnyama na utoto wake vinasikika kwa pamoja. Huo ni umahiri, lakini una gharama: mnyama wa Meru anavishwa mavazi ya sarakasi ya Marekani.

Gharama hiyo ni kubwa zaidi katika kipande kiitwacho Big Band Bwana. Bwana, neno la heshima na uhusiano, linabaki takriri ya sauti /b/. Halimwiti wala halimheshimu mtu yeyote, ni pambo.

Hata hivyo, hadithi yenyewe ina mahali ambapo Kiswahili kinafanya kazi yake. Dallas anapewa jina Mama Tembo. Jina hilo linafuata desturi ya kumtambulisha mwanamke kwa mwanawe, na hivyo linageuza ufugaji kuwa ulezi. Likisomwa pamoja na muziki wa ndama, wepesi wa kaliope unapata upole ambao sarakasi peke yake isingeupa.

Kwa hiyo kinaya cha Hatari! hakimfikii kila mtazamaji. Asiyejua lugha husikia jina geni na wimbo wa kuchekesha. Mwanafunzi wa Moshi husikia onyo likifuatwa na mchezo, na heshima ikigeuzwa pambo. Uhakiki wa muziki huu hauna budi kuanzia kwenye sikio lake.