Mwimbaji na Mwenye Sahani

Wahakiki wa nyimbo za dansi wana mazoea ya kuyanakili maneno ya wimbo kwenye karatasi, kuyahesabu, kisha kumhukumu mtunzi kwa uchache wake. Hukumu ya namna hiyo ikitolewa juu ya Wilson Peter Kinyonga wa Tanga si ya haki, kwa kuwa humtwika mwimbaji mzigo wa mtu mwingine, yaani mwenye sahani.

Kinyonga na nduguye George walianza katika Jamhuri Jazz Band mwaka 1966. Mwaka 1970 walihamia Arusha, na mwaka uliofuata wakavuka mpaka kuingia Kenya, ambako bendi yao ilivuma kwa jina la Simba Wanyika. Njia itokayo Tanga kwenda Arusha hupita Segera, wilayani Handeni, kisha Korogwe. Hiyo ni nchi ya Wazigua na Wasambaa, tena nchi ya mashamba ya mkonge, ambako manamba waliotoka pembe nyingi hawakuwa na lugha ya kukutania ila Kiswahili. Wasikilizaji walikuwapo tele. Kilichokosekana ni sahani. Redio Tanzania Dar es Salaam iliwarekodi wapigaji katika utepe na kuwasikizisha wananchi, lakini utepe ule haukuuzwa dukani. Mitambo ya kuchapa sahani ilikuwa Nairobi, na wenye kampuni walikuwa huko huko.

Sahani ya mizunguko 45 ina nyuso mbili, na kila uso hauchukui ila dakika chache. Kwa hiyo wimbo mmoja ulikatwa vipande viwili. Uso wa kwanza ulipewa uimbaji wa polepole na kisa chote. Uso wa pili ulipewa magitaa na saksafoni, mwendo ukakazwa, maneno yakapungua au yakatoweka. Anayeyasoma maneno peke yake huona shairi lililokatika njiani, kumbe aliye mbele yake ni mtunzi aliyepewa nusu ya chombo. Tena nusu hiyo Kinyonga aliitumia kwa ustadi. Kizigua na Kisambaa ni lugha za toni, ambamo kupanda na kushuka kwa sauti kuna kazi katika neno. Kiswahili hakina toni, bali mkazo tu kwenye silabi ya pili kutoka mwisho. Mtunzi wa Kiswahili yu huru kuuvuta wimbo apendavyo, na ndiyo sababu maneno yake machache hubeba uimbaji mrefu bila kumchosha msikilizaji wa Korogwe.

Ingefaa kumtazama mwimbaji aliyeimiliki sahani mwenyewe. Nchini Marekani Sam Cooke, mwimbaji wa soul aliyelelewa katika nyimbo za kanisani, alianzisha pamoja na J. W. Alexander kampuni ya SAR, akawarekodi wenzake huku yeye akiendelea kuimba. Mwaka 1962 aliwapa vijana wa ukoo wa Womack, waliokuwa wakiimba nyimbo za dini, jina jipya la Valentinos; wimbo wao wa sala ukavishwa maneno ya mapenzi, ukatoka kwa jina la “Lookin' for a Love”. Sauti ilibaki ile ile, neno likabadilika. Baba yao alichukizwa, wala si ajabu. Hivyo mwimbaji akishika sahani hawi lazima mlinzi wa maneno ya mwimbaji mwenziwe. Cooke aliyafuta ya wengine kwa mkono mwepesi sana. Lakini angalau aliyeamua alikuwa mtu ajuaye kwa koo lake uzito wa silabi. (Naye aliuawa tarehe 11 Desemba 1964, na haki za nyimbo zake ziliishia kwa Allen Klein, meneja wake.)

Kinyonga hakupata kushika uamuzi wa namna hiyo. Sifa zake ni za mtu aliyetunga ndani ya kipimo kilichokatwa na wengine, na hapo ndipo uhakiki unapopasa kuanza: kwenye mshono wa nyuso mbili, mahali sauti inapozimwa na gitaa likachukua zamu.

Mwaka 1978 Omari Shabani na wenzake walijitenga, wakaunda Les Wanyika. Bendi ilikuwa nyingine na watunzi wengine. Sahani ilibaki na nyuso zake mbili, na kisa kikaendelea kusimuliwa kwenye uso wa kwanza.