Kuondoa shauri bila kuiacha haki mahakamani

"Mheshimiwa Jaji, tunaomba kuliondoa shauri hili, kwa ruhusa ya kulifungua upya." Wakili akiishia kwenye neno "hili", mteja wake anaweza kurudi nyumbani mikono mitupu.

Nchini Tanzania utaratibu huu umo katika Amri ya 23, Kanuni ya 1 ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33. Mdai anaweza kuondoa shauri lake wakati wowote. Akiliondoa bila ruhusa, hafungui tena dhidi ya mdaiwa yuleyule kwa madai yaleyale, na anaweza kuamriwa alipe gharama. Ruhusa hutolewa mahakama inaporidhika kwamba shauri litakwama kwa kasoro ya kiutaratibu, au kwamba ipo sababu nyingine ya kutosha.

Chukua mwenye duka ambaye ukuta wake umebomolewa na gari la Serikali. Sheria ya Mashauri Dhidi ya Serikali, Sura ya 5, inamtaka atoe notisi ya siku 90 kabla ya kushtaki. Yeye amefungua shauri siku ya 60. Kasoro hiyo hairekebishwi kwa kubadilisha hati ya madai. Siku 30 zilizorukwa haziandikiki. Njia salama ni kuomba mapema, kuitaja kasoro bila kuificha, na kuomba ruhusa waziwazi. Akingoja mpaka pingamizi la awali liwekwe, upande wa pili utasema anakimbia hoja.

Kisha asome amri yenyewe kabla ya kukunja jalada. Ruhusa iwe imeandikwa humo, pamoja na masharti ya gharama kama yapo.

Bado kuna kalenda. Kanuni ya 2 inasema ukomo wa muda utahesabiwa kana kwamba shauri la kwanza halikuwahi kufunguliwa. Madai ya madhara kama haya yana miaka 3. Mwenye duka aliyefika mahakamani baada ya miaka 2 na miezi 10 amebakiwa na miezi 2 tu, na kila wiki aliyokaa na shauri lenye kasoro imekatwa humo. Ruhusa humfungulia mlango, lakini haimwongezei hata siku moja. Wakili mwema humhesabia mteja wake siku hizo kabla hajasimama kuomba.