Sura na Sauti ya Mtoto: Uigizaji wa Rachel Mwanza katika Filamu ya Rebelle

Mwezi Februari 2012, tamasha la filamu la Berlin lilimtunuku Rachel Mwanza, aliyekuwa mtoto wa mitaani wa Kinshasa, tuzo ya Dubu wa Fedha kwa mwigizaji bora wa kike. Katika Rebelle, filamu ya Kim Nguyen wa Kanada, ameigiza nafasi ya Komona, msichana wa miaka 12 anayetekwa na waasi, akalazimishwa kuwaua wazazi wake, kisha akatukuzwa kama mchawi kwa kuwa huiona mizimu ya wafu.

Ni rahisi kuusifu uigizaji huo kwa neno moja: ukweli. Sifa hii ina kasoro. Rachel aliijua njaa, na aliijua tuhuma ya uchawi iliyomtoa nyumbani, askari hakuwa. Bunduki ya Komona, basi, ni kazi ya usanii. Msichana anayesimulia mauaji kwa sauti tulivu, akimwambia mtoto aliye tumboni mwake, ndiye yule yule anayerudia utoto pale mwenzake, aliyeigizwa na Serge Kanyinda, anapohangaika kumtafuta jogoo mweupe wa kuposea. Kuyabeba yote mawili kwahitaji kipaji, si mateso peke yake.

Mtazamaji wa Bunia ana sababu ya pekee ya kulipima jambo hili. Tarehe 14 Machi 2012, wiki chache baada ya tuzo ile, Mahakama ya Kimataifa ya Jinai ilimtia hatiani Thomas Lubanga kwa kuwaandikisha na kuwatumia vitani watoto wa chini ya miaka 15 huko Ituri. Mashahidi wengi walioletwa kama askari watoto wa zamani hawakutegemewa na majaji, kwani baadhi ya watu wa kati waliowatafuta walitiliwa shaka. Kilichotegemewa sana ni picha za video, hasa zile za kambi ya Rwampara, karibu na Bunia, zilizopigwa Februari 2003, ambamo watoto wanaonekana miongoni mwa wanajeshi.

Hapana shaka mahakama na sinema zina kanuni tofauti. Hata hivyo, mahali pote pawili sura ya mtoto iliaminiwa kuliko neno lake: Rwampara ilithibitisha kosa, na sura ya Rachel ikachukuliwa kuwa ushahidi badala ya sanaa. Aidha, wahusika wa Rebelle husema Kilingala na Kifaransa. Kiswahili, lugha ya soko la Bunia, hakimo.

Mwaka 2014 Rachel alitoa kitabu cha maisha yake, Survivre pour voir ce jour. Humo ndimo neno lilipomrudia mwenyewe. Uhakiki unaomheshimu mwigizaji mtoto hauna budi kuanzia hapo: kumwita msanii kwanza, shahidi baadaye.