Binti Sultani na Barua Yake

Siku hizi mtambaji anayetaka kumkomboa binti mfalme humpa upanga, akamkimbiza msituni, akaona kazi imekwisha. Mimi nawahusudu watambaji wanaomwacha mumo humo nyumbani kwake, kisha wakatuonyesha kwamba akili alikuwa nazo tangu mwanzo.

Ngano ya Sultani Darai, aliyoichapisha Edward Steere mwaka 1870 pamoja na hadithi nyingine za Unguja, yafaa kwa ufundi huo. Maskini anayechakura jaani ananunua paa, na paa kwa ujanja wake anampatia utajiri na mke, binti wa sultani. Binti mwenyewe haulizwi. Wasimulizi wavivu humwacha hapo harusini. Lakini paa akiugua, bwana anamwamuru kizee wa nyumbani ampikie uji wa mtama mwekundu, basi. Mke anamkemea mumewe, anampelekea mgonjwa maziwa na wali kwa siri. Paa akifa akatupwa kisimani, mke anamwandikia baba yake aje upesi.

Barua hiyo! Salme binti Said, binti wa sultani wa kweli, aliyezaliwa Unguja mwaka 1844, alikulia katika jumba ambamo mabinti walifundishwa kusoma, si kuandika. Alijifundisha mwenyewe kwa siri, akinakili herufi za Kurani kwenye mfupa wa bega la ngamia. Mwaka 1859 kaka yake Barghash alipotaka kumpindua ndugu yao Sultani Majid, barua za njama aliziandika Salme. Kumbukumbu zake zilitoka Ujerumani mwaka 1886.

Ngano hii ikitambwa Mugoma, huku Ngara karibu na mpaka wa Burundi, bahari iko mbali. Mtoto anayepukuchua maharage jioni atahitaji kuelezwa kasri. Jaa na kisima anavijua, na mtama mwekundu ndio usiseme. Kwa hiyo mtambaji fundi hulipita kasri mbio, akatulia kwenye uji. Huuiga mkono wa kizee unaokoroga, humwiga bwana asiyeinua macho, halafu hunyamaza. Ukimya huo ndio ufundi wenyewe, na ni mgumu kuliko sauti zote za wanyama. Asubiri mpaka msichana mmoja aulize: “Na mkewe alisema nini?”

Pengine atadai barua ipelekwe mapema, kabla paa hajafa. Mtambaji asikubali upesi, wala asimkatalie. Amuulize angeandika nini.