Mnyonge na Haki Yake: Ushindi wa Wanaodhihakiwa katika Filamu ya Revenge of the Nerds

Filamu ya vichekesho ya Revenge of the Nerds, iliyoongozwa na Jeff Kanew na kutolewa nchini Marekani mwaka 1984, huchukuliwa kuwa sherehe ya mnyonge. Uhakiki huu unaitathmini hukumu hiyo kwa swali moja: mnyonge anaposhinda, ni nini hasa hubadilika?

Jibu la kwanza limo katika muundo wa kisa. Wachezaji wa futiboli ya Kimarekani wa chama cha Alpha Beta wanaiunguza nyumba yao wenyewe, kisha wanapewa bweni la wanafunzi wa mwaka wa kwanza, nao wanafunzi hao wanahamishiwa ukumbi wa michezo. Mwishoni uongozi wa chuo unageuza mpango: wachezaji wanapelekwa ukumbini, na waliodhihakiwa wanapewa makazi ya Alpha Beta. Wapangaji wamebadilishana; ngazi ya kuwapanga imebaki palepale. Kinyume chake, katika Animal House (1978) ya John Landis, wanachama wa Delta waliofukuzwa chuoni hawagombei nafasi katika ngazi hiyo, bali wanalivuruga gwaride lenyewe.

Jibu la pili linahusu rangi. Gilbert anapata fursa ya kuhutubia kwa sababu U. N. Jefferson na wanachama weusi wa Lambda Lambda Lambda wamesimama kumkinga dhidi ya kocha. Filamu inaazima uzito wa historia yao, lakini haiwapi kisa chao.

Jibu la tatu ndilo zito zaidi. Kamera zinafichwa katika nyumba ya wanafunzi wa kike. Picha ya utupu ya Betty inatumiwa kuuzia vitafunio. Kisha Lewis anavaa kinyago cha mpenzi wake na kulala naye bila yeye kujua ni nani. Hapo hapana ridhaa, ila filamu inalifanya tendo hilo mzaha na kulituza kwa mapenzi.

Wahenga walisema: mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni. Haki ya Lewis na Gilbert ya kutodhalilishwa haina ubishi. Hata hivyo, filamu inawahesabu wanyonge kwa kuwatazama wachezaji pekee, hivyo haimwoni Betty miongoni mwao. Kicheko kinachosahau kumhesabu mnyonge wa pili hakijauondoa uonevu. Kimeukabidhi kwa mikono mingine.