Wote Tumepita Hapo

Mwaka 1982 kampuni ya Activision ya Marekani ilitoa gemu ya Pitfall! kwa ajili ya mashine ya Atari 2600, ikaambatanisha na ahadi: mchezaji atakayefikisha pointi 20,000 apige picha kioo cha televisheni yake, aitume kwa posta, naye atapelekewa beji ya kitambaa ya kushonea kwenye nguo. Picha ya namna hiyo haikudaiwa uzuri. Hata ikitoka na ukungu, hata mwanga wa taa ukiwa umeakisi kwenye kioo, ilitosha tarakimu zisomeke. Ilikuwa stakabadhi. Ukizitazama picha ambazo wachezaji wa leo wanaonyeshana mitandaoni, utaona mara moja kwamba tarakimu zile hazipo tena. Mpigaji huanza kazi kwa kuziondoa: ramani ndogo ya pembeni, mstari wa uhai, hesabu ya risasi, mshale unaoelekeza njia. Anafuta kila kinachosema amefika wapi na amepata ngapi, anabakiza alichokiona. Katika kufuta huko ndiko ninakoona mwanzo wa ufundi, na nia yangu ni kuusifu kwa hoja, kwani wengi wanaoupenda huusifu kwa mapenzi matupu, na wanaoubeza hawajapewa neno la kulijibu.

Vyombo vya kazi vilikuja polepole. Gran Turismo 4, iliyotoka Japani mwishoni mwa 2004, ilimruhusu mchezaji kuacha mashindano, kuegesha gari mahali kama mtaa wa Gion mjini Kyoto, na kulipiga picha kwa kamera anayoipanga mwenyewe. Mwaka 2013 PlayStation 4 ilikuja na kitufe cha kuwapelekea wengine picha papo hapo, na mwaka uliofuata The Last of Us Remastered ikawa miongoni mwa gemu zilizoeneza desturi ya kuusimamisha mchezo na kuizungusha kamera upendavyo. Kampuni ya Nvidia ilipotoa programu yake ya kazi hiyo mwaka 2016 iliiita Ansel, jina la Ansel Adams, mpigapicha mkubwa wa milima na mabonde ya Marekani. Hilo lilikuwa dai zito, na ni haki kuuliza kama picha za gemu zinalistahili.

Adams alipoipiga picha kuta za Half Dome huko Yosemite mwaka 1927, aliwapelekea watu mlima ambao wengi wao hawakuwahi kuuona. Tunaisifu picha ile kwa jicho lake, lakini tukisema kweli, tunausifu pia mlima, na tunaisifu safari. Mpigapicha wa dunia yetu mara nyingi ni mjumbe: amefika tusikofika, na nusu ya thamani ya picha yake imo katika umbali huo. Mpigapicha wa gemu hana umbali wa kujivunia. Wale anaowaonyesha wamenunua mlima uleule. Wameupanda, wameanguka kwenye mteremko wake, wameupita wakikimbilia kazi nyingine. Hawezi kuwashangaza kwa jambo ambalo hawajawahi kuliona, kwa sababu hakuna. Kitu pekee alicho nacho mkononi ni namna alivyotazama: alisimama wapi, alingoja saa ngapi ya siku, aliacha nini nje ya fremu. Wahenga walisema mwenye macho haambiwi tazama. Picha nzuri ya gemu humwambia mwenye macho huyo huyo atazame tena, naye hutii, akijua kwamba alipita pale mara nyingi bila kuona. Sijui aina nyingine ya picha inayompima mpigaji kwa ukali kama huo. Na ndiyo sababu nasema jumuiya ya wachezaji ni sehemu ya ufundi wenyewe: bila watu waliopita pale pale, kipimo hakipo.

Mfano ulio wazi kuliko yote ni kazi ya msanii wa Ireland, Alan Butler, iitwayo Down and Out in Los Santos, aliyoianza mwaka 2015. Grand Theft Auto V imeuza nakala zaidi ya milioni 200. Huenda hakuna mji wa kubuni uliowahi kukanyagwa na watu wengi kama Los Santos, mji wa gemu hiyo, na wengi wao waliukanyaga mbio, kwa gari la wizi, polisi wakiwa nyuma. Chini ya madaraja ya mji huo na kandokando ya barabara zake, waundaji waliweka watu wasio na makazi. Hawampi mchezaji kazi wala zawadi, na mchezo hausogei mbele kwa kuwakaribia. Butler alikwenda kwao kwa miguu, akawapiga picha kwa kutumia simu ya mhusika iliyomo ndani ya gemu yenyewe, kwa subira ya wapigapicha wa habari za jamii. Hakuvumbua mtu hata mmoja. Wote walikuwa pale tangu siku ya kwanza, mbele ya mamilioni ya macho. Ukizitazama picha zile, swali linalokujia si jinsi alivyozipata. Unajiuliza wewe ulikuwa unatazama wapi.

Kazi yenyewe haina njia ya mkato. Chukua Ghost of Tsushima ya mwaka 2020, gemu ya samurai kisiwani ambayo pengine imempa mpigapicha uhuru mkubwa kuliko nyingi zilizoitangulia. Unaposimamisha mchezo unaweza kuubadili upepo uelekee unakotaka, kuongeza majani yanayopeperuka au vimulimuli, kulisogeza jua na kuita mvua. Asiyejua kazi hii atadhani urahisi umezidi. Ukweli ni kwamba kila hiari inayoongezwa ni kosa jipya linalowezekana. Anayeanza humwaga majani mpaka sura ya samurai inapotea, hufifisha mandhari nyuma hadi kisiwa chote kinakuwa uji wa rangi, hulaza kamera upande akidhani anaongeza kishindo. Fundi hujizuia. Huchagua lenzi ndefu inapobidi mlima usogee karibu na mtu, na fupi inapobidi mtu amezwe na uwanda. Hulipa jua nafasi ya nyuma ili ukingo wa bega ushike mwanga. Husubiri mguu wa farasi uinuke. Mambo haya hayaandikwi kwenye maelekezo ya gemu. Hujifunzwa kwa kuonyeshana, mmoja akimwambia mwenzake kwamba tawi lile linakata shingo ya mhusika, asogee hatua mbili kushoto. Ushauri huo unawezekana kwa usahihi wa ajabu kwa sababu mshauri anaweza kwenda mahali palepale usiku uleule, asimame, na kujaribu mwenyewe.

Pingamizi la kwanza ni zito nami sitalipita juu juu. Linasema kwamba kila jani katika picha hizo limechorwa na mtu mwingine, mwanga umekokotolewa na wahandisi, sura zimechongwa na wasanii waliolipwa mishahara. Mpigaji amebonyeza kitufe tu juu ya jasho la wenzake. Lakini kanuni hiyo tukiikubali itakula picha nyingi tunazoziheshimu. Anayepiga picha jengo hakulijenga. Anayepiga picha mwigizaji jukwaani hakumvika wala hakumwandikia maneno. Pale Likoni, Mombasa, miaka ya 1990, wapigapicha waliweka vibanda karibu na kivuko, wakatundika mapazia yaliyochorwa na kupambwa ili abiria wapigwe picha mbele ya ulimwengu wa ndoto. Pazia lilikuwa la mchoraji, mwili ulikuwa wa mteja, lakini aliyejua kumweka mteja mbele ya pazia mpaka ndoto ikamkaa ni mpigapicha, na watu walimlipa kwa ujuzi huo. Deni kwa waliojenga ulimwengu wa gemu lipo na linapaswa kutamkwa. Jumuiya zenye adabu hulitamka: kila picha huandikwa jina la gemu, na mara nyingi la studio iliyoitengeneza.

Pingamizi la pili linahusu hatari na wakati. Mpigapicha wa kweli, wanasema, huvizia tukio. Likipita limepita, na pengine risasi inapita naye. Wa gemu anasimamisha dunia na kunywa chai. Mwaka 2014 jarida la TIME lilimtuma Ashley Gilbertson, mtu aliyepiga picha vita vya Iraq, aingie ndani ya The Last of Us Remastered na kuripoti kama angeripoti uwanja wa vita. Jambo aliloliona linanifaa zaidi kuliko kama angelisifu tu: alisema nyuso za wahusika hazikuonyesha uchungu uliotarajiwa kwa watu waliomo katika mwisho wa dunia yao. Wakosoaji wa gemu waliimaliza hadithi ile na kuieleza kwa undani. Lakini jicho lililozoea nyuso za vita, likiwa limeusimamisha mchezo na kuzikaribia sura, liliona pengo ambalo mwendo wa mchezo ulilifunika. Kusimamisha dunia kunaondoa bahati, hilo nakubali. Kunaondoa pia kisingizio. Anayesema tukio lilimkimbia husamehewa. Aliyekuwa na saa nzima ya kuzunguka sekunde moja, akarudi na picha dhaifu, hana pa kujificha. Isitoshe, katika gemu za mtandaoni ambako mamia ya watu wako uwanjani pamoja, hakuna mwenye mamlaka ya kuusimamisha ulimwengu. Humo mpigaji huvizia kama walivyovizia wenzake wa mitaani, huku adui akimjia mgongoni.

La tatu ndilo linaloniuma, kwa sababu lina ukweli mwingi. Kampuni hazikuweka kamera ndani ya gemu kwa mapenzi ya sanaa. Kila picha inayosambazwa ni tangazo ambalo halikulipiwa, na kitufe cha kupeleka picha kimewekwa karibu na kidole kwa hesabu za biashara. Tena mashindano ya kupata alama za kupendwa yamezaa picha zinazofanana: shujaa amegeuka mgongo, amesimama ukingoni mwa jabali, jua linazama mbele yake. Ziko maelfu, na nyingi hazina cha kusema. Hata hivyo tangazo huchagua upande unaong'aa, na fundi halazimiki kuufuata. Picha za Butler hazikumsaidia mwenye kiwanda kuuza fahari ya mji wake. Kamera ikishafika mkononi mwa mtu, aliyeitoa hawezi kuamua itaelekezwa wapi, na jumuiya inayojiheshimu ndiyo inayoweza kuwapa nguvu wanaoielekeza pembeni: kwa kuipa nafasi picha ya ngazi za nyuma, ya meza yenye kikombe ambacho msanii fulani alikichora akijua hakuna atakayekitazama.

Kuna faida nyingine ambayo wapigaji wenyewe hawaitafuti. Ulimwengu wa gemu hufa, au hubadilishwa ukiwa hai. Star Wars Galaxies, gemu ya mtandaoni, ilifungwa Desemba 2011. World of Warcraft ilibaki wazi, lakini mwishoni mwa 2010 toleo la Cataclysm liliigeuza sura ya mabara yake ya zamani. Korongo kavu la Thousand Needles, ambalo wachezaji walikuwa wamelivuka kwa miaka sita, lilijaa maji. Mwaka 2019 kampuni iliyoitengeneza iliirudisha ardhi ile ya kale katika toleo la Classic, na korongo likakauka tena. Kilichoshindikana kurudishwa ni kundi lile lililokaa juu ya mwamba usiku fulani wa 2007, kila mmoja na vazi alilolipata kwa taabu, mmoja akiwa amesahau kuvua kofia. Hao wamo katika picha tu, ikiwa kuna aliyepiga na akaitunza.

Kwa hiyo desturi ninayoipigania ni ndogo na ya kazi: chini ya kila picha paandikwe jina la gemu, mahali, toleo, na mwaka, paandikwe kama zilitumika programu za ziada kubadili mwanga au kuondoa vitu, na waliomo wakiwa ni wachezaji halisi, waulizwe kwanza. Picha inayofichua mwisho wa hadithi ifunikwe, ili asiyefika aamue mwenyewe. Wapo wanaoona huo ni urasimu unaomchosha mtu aliyetaka kuonyesha machweo tu. Lakini hoja yangu yote imesimama juu ya watazamaji wanaopajua mahali, na gemu zinavyobadilika, kila mwaka wanaopajua wanapungua. Maandishi hayo humwezesha mgeni wa baadaye kujua picha ilipigwa wapi na kwa masharti gani, ili naye aweze kuipima.